UZI: Siku ya 5 baada ya upasuaji wa utumbo, na mambo yanayoweza kuharibika mgonjwa akiwa anaonekana amepona

#1 MwanaKibosho (mwanzisha uzi)

Ndugu wanajukwaa, habari za wakati huu. Nimechelewa kuandika uzi huu kwa zaidi ya mwaka mmoja, kwa sababu kila nilipoanza nilijikuta nimerudi kwenye wodi ile ya wanaume mjini Moshi, kwenye kitanda cha dirishani alipolazwa baba yangu, na nikaacha. Wiki iliyopita jirani yetu alifanyiwa upasuaji wa utumbo, na mke wake alipokuja kuniuliza aangalie nini, nilizungumza naye saa nzima. Nimeona heri niyaandike hapa ili mwingine naye ayapate.

Baba alikuwa na miaka 63. Alitoka kupalilia migomba, akala makande jioni kama kawaida yake, na usiku wa manane akaanza kulalamika kuwa tumbo limemjaa na kwamba choo hakipiti wala upepo hautoki. Kufikia asubuhi tumbo lilikuwa limevimba na kukaza kama ngozi ya ngoma. Picha ya eksirei ilionyesha kuwa utumbo mpana ulikuwa umejisokota, katika ile sehemu iliyopinda kabla ya kufika kwenye njia ya haja kubwa. Daktari alitueleza kwamba tatizo hili huonekana sana katika nchi zetu za Afrika, hasa kwa wanaume watu wazima, kwa kuwa wapo watu ambao sehemu hiyo ya utumbo ni ndefu na inaning'inia kwenye shina jembamba. Ikizunguka, mishipa ya damu hunyongwa na utumbo huanza kufa. Walikata kipande kilichokuwa kimebadilika rangi, wakaunganisha ncha mbili zilizobaki, wakamfunga.

Madaktari huihesabu siku ya upasuaji kuwa siku ya 0, na nawaomba wote wanaouguza wahesabu hivyo hivyo na kuandika kwenye daftari, kwa sababu karibu kila tatizo nitakalolitaja lina majira yake.

Siku ya 1 na ya 2 baba alikuwa na mpira puani, mpira wa mkojo na dripu, na hakuruhusiwa kula. Tulielezwa kuwa utumbo ukishikwashikwa na mikono hulala. Ule mwembamba huamka mapema, tumbo la chakula hufuata, na utumbo mpana huchelewa zaidi, mara nyingi hadi siku ya 3 au zaidi kidogo. Ndiyo maana wauguzi hupita kila asubuhi wakiuliza bila haya, "Mzee, umeshajamba?" Siku ya 3 baba alijibu kuwa ameshajamba, na mgonjwa wa kitanda cha pili akamshukuru Mungu kwa sauti. Siku ya 4 alipewa mtori mwepesi uliochujwa, akaumaliza na kuomba mwingine. Ndugu waliokuja kutoka Rombo na Arusha wakaaga na kurudi makwao.

Siku ya 5 baba hakuwa na homa, wala hakulalamika maumivu makali. Aliukataa tu mtori alioutamani jana yake, alishikwa na kwikwi isiyokwisha, na akawa kimya. Mapigo yake ya moyo, yaliyokuwa 84 siku iliyotangulia, yaliandikwa 112 asubuhi na 118 mchana, kwenye karatasi iliyoning'inia miguuni pa kitanda. Mimi nilizisoma namba hizo bila kuzielewa, na waliokuwa zamu hawakuzihusisha na kwikwi wala na kukataa chakula. Niliambiwa kwamba mzee amechoka. Zilipita takriban saa 18. Siku ya 6 tumbo lilikuwa gumu, bega la kushoto lilimuuma, na akaanza kuniita kwa jina la marehemu mdogo wake. Usiku ule alirudishwa chumba cha upasuaji, na maungio ya utumbo yakakutwa yamevuja. Walimwosha tumbo, wakatoa ncha ya juu ya utumbo nje kupitia ngozi ya tumbo, na akakaa hospitali wiki nyingine nne.

Baba ni mzima leo, namshukuru Mungu. Ila tangu siku ile nina jambo ambalo ninalisema kwa kila mtu anayeuguza. Maungio ya utumbo kwa kawaida hayaharibiki katika zile siku mbili za kwanza ambapo ukoo mzima umejaa wodini. Mara nyingi huvuja kati ya siku ya 5 na ya 7, wakati wageni wamekwenda zao, dripu imetolewa, na pengine karatasi ya ruhusa inaandikwa. Na wapo ambao huvuja wakiwa wamekwisha kufika nyumbani. Mgonjwa anayepona huwa kila asubuhi ana jambo moja analoliweza ambalo jana hakuliweza: jana alikaa, leo amesimama, jana alikunywa chai, leo amekula uji. Akirudi nyuma, hata kwa jambo dogo, mwiteni daktari aje kumwona, na msiondoke kitandani kwa jibu la kwamba amechoka.

#2 KijanaWaHimo

Pole sana ndugu, na hongera kwa mzee kupona. Nina maswali mawili, kwa sababu kwetu shangazi yangu alipatwa na jambo kama hilo na ukoo ukamlaumu binti yake kwamba alimlisha mapema. Je, mtori ule wa siku ya 4 ndio uliofungua maungio? Na inawezekanaje uchafu umwagike tumboni mtu asipate homa?

#3 MuuguziSakina

Shikamooni wakubwa, na habari zenu wengine. Mimi ni muuguzi, nimefanya kazi wodi za upasuaji hapa Arusha kwa miaka mingi, na ningependa kumjibu kijana wa Himo kwa kirefu kidogo, kwa sababu lile la kumlaumu binti aliyempikia mama yake linaniumiza kila ninapolikuta.

Chakula laini cha siku ya 4 hakifungui maungio yaliyo salama. Zamani tuliwafungia wagonjwa midomo kwa siku nyingi tukiamini tunaulinda utumbo, lakini kuanzia miaka ya 1990 daktari wa upasuaji wa Denmark aitwaye Henrik Kehlet na wenzake walionyesha kwamba mgonjwa anayelishwa mapema, kuinuliwa kitandani mapema na kupunguziwa dawa kali za maumivu za jamii ya mofini hupona haraka zaidi. Maungio huvuja kwa sababu nyingine: damu kutofika vizuri kwenye ncha zilizounganishwa, ncha kuvutana, tumbo kuwa na uchafu tayari wakati wa upasuaji wa dharura, au mgonjwa kuwa dhaifu, mwenye utapiamlo au upungufu wa damu, mvutaji wa sigara, au mtumiaji wa dawa za jamii ya steroidi. Maungio yaliyo chini sana, karibu na njia ya haja kubwa, huvuja zaidi kuliko ya juu. Hata daktari hodari, aliyefanya kila kitu sawasawa, hukutana na jambo hili. Mwambieni yule binti kwamba hakumdhuru mama yake.

Kuhusu homa, mkumbuke kwamba wagonjwa wetu karibu wote hupewa parasetamoli kwa saa kwa ajili ya maumivu, nayo hushusha joto, hivyo kipimajoto husema uongo. Pimeni kabla ya dozi, si baada yake. Tena wazee, wenye kisukari na wenye kinga dhaifu huweza kuwa na usaha tumboni bila homa yoyote. Mapigo ya moyo hayafichiki kirahisi namna hiyo. Mtu mzima aliyetulia huwa na mapigo kati ya 60 na 100 kwa dakika, na mgonjwa wa siku ya 5 aliyekaa kitandani bila kazi yoyote mapigo yakizidi 100 na kuendelea hivyo, ana jambo linalotafutwa: anavuja damu, amepungukiwa maji, ana donge la damu kwenye mapafu, au maungio yameachia. Yeyote mwenye saa ya mkononi anaweza kuhesabu. Weka vidole viwili kwenye kifundo cha mkono chini ya kidole gumba, hesabu dakika nzima, andika.

Kwikwi nayo si ya kupuuza ikidumu, kwani uchafu au usaha ukikaa chini ya kiwambo kinachotenganisha kifua na tumbo, hukichokoza. Na maumivu ya bega aliyokuwa nayo mzee yana asili hiyo hiyo. Usaha ukijikusanya chini, kwenye nyonga, mgonjwa hupata haja ya mara kwa mara na choo chenye ute, nyumbani wakadhani ni tumbo la kuhara. Majipu haya ya ndani hujitokeza zaidi kuanzia wiki ya pili, kwa homa inayopanda jioni na kushuka asubuhi, na watu wengi huanza dozi ya malaria bila kupima.

Nisiwatishe kupita kiasi. Utumbo kuchelewa kuamka bila kuvuja ni jambo la kawaida zaidi kuliko kuvuja. Tumbo hujaa, mgonjwa hutapika, upepo hautoki, na tiba yake huwa ni kumrudishia mpira wa puani, kumpa maji kwa dripu, kurekebisha chumvi za damu, hasa potasiamu, na kumtembeza. Ikipita siku ya 5 bado utumbo umelala, daktari hutafuta sababu iliyojificha. Wengi wenu hapa ni wa ukoo wa wakulima wa kahawa, basi niwape na hili: mwaka 2012 madaktari wa Ujerumani walichapisha jaribio ambamo wagonjwa waliokatwa utumbo mpana na kupewa kahawa walipata choo mapema kuliko waliopewa maji ya moto, kwa wastani saa 60 dhidi ya saa 74. Kikombe cha kahawa nyepesi, daktari akisharuhusu vinywaji, hakina ubaya kwa wengi.

#4 Mwalimu_Ngaramtoni

Samahani kwa kuingilia. Nimeusoma uzi huu nikiwa na mama yangu hapa chumbani. Alifanyiwa upasuaji kwa ngiri iliyobana utumbo, akakatwa kipande, na akaruhusiwa juzi. Kwa hesabu mliyoieleza, leo ni siku ya 8. Anakula vizuri, amepata choo, hana homa na mapigo yake nimehesabu ni 88. Lakini alfajiri alikohoa sana, na sasa bandeji na kanga yake vimelowa maji mekundu yaliyopauka, mengi, kama maji yaliyooshewa nyama. Mshono wa ngozi naona bado umefunga na hakuna usaha. Dada yangu anashauri tubadilishe bandeji na kusubiri kliniki ya Jumatatu.

#5 MuuguziSakina

Mwalimu, usisubiri Jumatatu. Mpeleke mama hospitali sasa hivi. Maji ya namna hiyo, yakitoka ghafla na kwa wingi kati ya siku ya 5 na ya 10, mara nyingi maana yake ni kwamba tabaka la ndani lenye nguvu limeachia, na ngozi peke yake ndiyo inayoshikilia. Alale chali, magoti yamekunjwa, asiinuke mwenyewe, asile wala kunywa chochote kwa kuwa huenda akarudishwa chumba cha upasuaji. Tafuta gari, si bodaboda. Akikohoa, mto mdogo ukandamizwe taratibu juu ya mshono.

Ikitokea njiani ngozi ikafunguka na utumbo ukachomoza, msiurudishe ndani kwa mikono. Funikeni kwa kitambaa kisafi kilicholoweshwa kwa maji ya chumvi ya hospitali, au kama hamna, maji safi yaliyochemshwa na kupoa, kisha juu yake shuka safi, na endeleeni na safari. Chukua na karatasi ya ruhusa. Utujulishe.

#6 MamaUsaRiver

Mwalimu, tunamwombea mama. Nami nitaandika tukiwa tunasubiri habari, kwa sababu mwanzisha uzi amepita haraka mahali pale alipotaja utumbo kutolewa nje ya ngozi, na kwa wengi wetu hapo ndipo maisha mapya yalipoanzia.

Mimi nilikatwa utumbo kwa ajili ya saratani, nikaishi na mfuko wa choo kwa miezi saba. Siku ya kwanza nilipofunuliwa nikaona kile kinyama chekundu tumboni mwangu, yaani ile ncha ya utumbo iliyotolewa nje, nilimwomba muuguzi akifunike. Hakuna aliyeniambia mapema kwamba wekundu ule ndio afya. Kinapaswa kuwa chekundu au cha waridi, chenye unyevunyevu kama ndani ya mdomo. Hakina hisia ya maumivu, na hutoa damu kidogo unapokifuta. Kikibadilika kuwa zambarau iliyokolea au cheusi, damu haifiki, na hiyo ni safari ya hospitali saa hiyo hiyo. Huweza pia kuzama ndani, au kuchomoza kuliko kawaida, au ngiri kujitengeneza pembeni yake, na hayo yote ni ya kuonyeshwa kliniki.

Lililonitesa mimi ni ngozi. Mifuko ilikuwa ghali na haikupatikana kila duka la dawa hapa Arusha, hivyo nilibana matumizi nikiuacha mfuko mmoja siku nyingi, na tundu la gundi nililikata kubwa kuliko kinyama chenyewe. Choo kikapenya chini ya gundi, na ngozi ikachubuka hadi nikawa siwezi kulala. Muuguzi mmoja alinifundisha kupima kwa kipande cha karatasi na kukata tundu linalozidi kinyama kwa milimita 2 au 3 tu, kuosha kwa maji ya uvuguvugu bila sabuni yenye manukato, na kukausha kabisa kabla ya kubandika. Kinyama hunywea katika wiki 6 hadi 8 za mwanzo, kwa hiyo tundu la mwezi wa kwanza si la mwezi wa pili.

Kwa wale ambao utumbo mwembamba ndio uliotolewa nje, hatari yao kubwa ni kukauka maji. Kawaida hutoka kati ya nusu lita na lita moja kwa siku, mfano wa uji mwepesi. Ikizidi lita moja na nusu, mtu hupoteza chumvi kwa kasi, na akinywa maji matupu kwa wingi kufidia kiu, ndivyo chumvi inavyozidi kumtoka. Jirani yangu wa wodini alirudishwa hospitali figo zikiwa zimedhoofika kwa sababu hiyo, na kiu yake ilikuwa imemfanya anywe maji mchana kutwa. Anahitaji maji ya ORS yaliyochanganywa kwa kipimo kilichoandikwa kwenye pakiti, chumvi kwenye chakula, na daktari amwandikie dawa ya kupunguza kasi ya utumbo. Pimeni kinachotoka kwa jagi lenye alama, msikisie kwa macho.

Kuhusu aibu nitasema machache. Nilikwenda kanisani, nikaenda sokoni Tengeru, na nikapanda Hiace hadi mjini. Mume wangu alijifunza kubadilisha mfuko kabla yangu.

#7 Mwalimu_Ngaramtoni

Ndugu zangu, nimerudi. Tulifika saa tatu asubuhi. Daktari aligusa tumbo mara moja tu, akasema tabaka la ndani limeachia karibu sentimita 10 na kwamba utumbo ulikuwa chini ya ngozi. Wamemrudisha, wameshona upya, wameosha, na amerudi wodini anazungumza. Maungio ya utumbo yalikutwa salama. Daktari aliuliza kuhusu kikohozi, nami nikakumbuka kwamba mama amekuwa akikohoa tangu kabla ya upasuaji na hatukulitaja. Muuguzi, ninakushukuru kuliko ninavyoweza kuandika.

#8 MwanaKibosho

Mwalimu, nimesoma ujumbe wako mara mbili. Tunamshukuru Mungu. Mpe mama pole zetu, na wewe upumzike leo.

Suala la kikohozi linanipeleka kwenye mambo ambayo tulijifunza katika safari ya pili ya baba, maana mara ya kwanza tulimwacha alale tukidhani ndiyo huruma. Mgonjwa wa tumbo huogopa kuvuta pumzi ndefu kwa sababu mshono unauma, basi chini ya mapafu hapapati hewa, makohozi yanakaa, na nimonia inaanza mapema, siku ya 2 au ya 3. Baba alipewa zoezi la kuvuta pumzi kwa kina mara kumi kila saa anapokuwa macho, akikumbatia mto, na kuketi badala ya kulala chali. Nasi watoto tulipeana zamu ya kumhesabia.

Miguu nayo inataka kutembea. Damu ikituama kwenye miguu huganda, na donge likiondoka huenda kwenye mapafu na kuua ghafla. Kigimbi kimoja kikivimba na kuuma kuliko kingine, au mgonjwa akishindwa kupumua ghafla na kuhisi kifua kinachoma, hilo halisubiri asubuhi. Hatari hii haiishi siku ya kuruhusiwa; waliokatwa utumbo kwa saratani wengine huandikiwa sindano za kuzuia damu kuganda hadi siku 28, na nimeona watu wakiziacha baada ya wiki moja kwa sababu mgonjwa "anatembea vizuri" au fedha zimeisha. Kama ni fedha, mwambieni daktari, ili atafute njia nyingine badala ya mgonjwa kubaki bila kinga.

Kisha kuna suala la wapi pa kumpeleka mgonjwa akiruhusiwa, ambalo kwa watu wa mlimani lina uzito wake. Tulitaka sana kumrudisha baba nyumbani Kibosho, kwenye hewa yake na migomba yake. Lakini ilikuwa Aprili, masika yamekolea, na barabara ya kwetu mvua ikinyesha usiku gari haipandi wala haishuki. Shangazi anayeishi Majengo alitupa chumba, tukakaa naye siku 12, na ninaamini ulikuwa uamuzi bora kuliko yote tuliyofanya. Anayetoka Rombo ya ndani, Longido au vijiji vya Karatu afikirie hivyo hivyo: hadi ipite angalau siku ya 10, mgonjwa akae mahali ambapo hata saa nane ya usiku anaweza kufikishwa hospitali, ikiwezekana ile ile iliyomfanyia upasuaji, kwa maana wanalijua tumbo lake. Ombeni waandike kwenye karatasi ya ruhusa sehemu gani ya utumbo ilikatwa, kama imeunganishwa au imetolewa nje, na tarehe.

Nyumbani kuna upendo unaoweza kudhuru. Bibi yangu, kwa nia njema kabisa, alitaka kumkanda baba tumbo kwa maji ya moto na mafuta ili "lilainike", na mjomba alileta dawa ya mizizi ya kufungulia choo. Tumbo lililoshonwa ndani halikandwi wala halichuliwi, na dawa kali za kuharisha au kupigwa bomba bila amri ya daktari husukuma utumbo ambao bado unajiunga. Kidonda hakipakwi majivu wala dawa ya meno. Kikianza kuwa chekundu, chenye joto, kinachouma zaidi kuliko jana na kutoa usaha, jambo linalotokea mara nyingi, basi pengine nyuzi chache zitafunguliwa ili usaha utoke, na kitapona taratibu kutokea chini. Kununua vidonge vya antibaiotiki dukani hakuutoi usaha ule. Hupunguza homa kwa siku mbili na kumchelewesha mtu kurudi hospitali.

Upande wa chakula, mwanzoni tulimpa kidogo mara nyingi: uji, mtori, mayai, maziwa mgando, samaki. Makande, maganda na mboga zenye nyuzi nyingi tulizichelewesha wiki kadhaa kama tulivyoelekezwa. Mbege wazee walimletea, nasi tuliwanywesha wao.

#9 KijanaWaHimo

Asante kwa majibu, nimempigia simu binamu yangu nikamsomea lile la MuuguziSakina. Amelia, na amesema angependa kumsomea baba yake pia.

Swali la mwisho. Kaka yangu alipasuliwa mwaka 2019 kwa kidole tumbo kilichopasuka na kusambaza usaha. Alipona kabisa. Mwaka huu mara mbili amepata maumivu ya kusokota, akatapika, tumbo likajaa, kisha likaachia lenyewe baada ya nusu siku. Je, inawezekana upasuaji wa miaka mingi hivyo bado unahusika? Na yeye ni fundi ujenzi, anabeba saruji.

#10 MuuguziSakina

Inawezekana sana. Tumbo likishafunguliwa au kuwa na usaha, ndani yake hutokea makovu kama nyuzi au utando yanayogandisha utumbo na utumbo mwenzake au na ukuta wa tumbo. Watu wengi huishi nayo bila kujua. Kwa wengine utumbo hupinda juu ya uzi mmojawapo au kubanwa chini yake, baada ya miezi au hata miaka mingi, na hiyo ndiyo sababu kubwa ya utumbo mwembamba kuziba kwa mtu aliyewahi kupasuliwa. Mara nyingi huachia kwa kupumzisha utumbo, mpira wa puani na dripu, hospitalini. Aende kliniki ya upasuaji sasa akiwa mzima, na aeleze yote mawili, upasuaji wa 2019 na matukio ya mwaka huu. Yakimrudia na maumivu yakawa ya moja kwa moja bila kuacha, tumbo likawa gumu, choo na upepo vikakatika, asingoje nusu siku kama alivyofanya, kwa sababu utumbo ulionyongwa hufa kwa saa chache.

Kuhusu saruji, kwa aliyetoka kupasuliwa tumbo tunashauri asibebe kitu kinachozidi kilo 5 hivi kwa wiki 6, na asirudi kwenye mizigo mizito bila daktari kumkagua, kwani ngiri ya mahali pa mshono hujitokeza zaidi katika miaka ya mwanzo. Kaka yako ameshapita hapo. Lakini asimame mbele ya daktari, akohoe, na daktari aweke mkono juu ya kovu. Kama kuna uvimbe unaotokeza na kurudi, basi huenda utumbo unabanwa hapo, si kwenye makovu ya ndani, na matibabu yake ni mengine.

#11 KijanaWaHimo

Kovu lina uvimbe. Nilimwuliza jioni hii, akasema upo tangu mwaka juzi na hauumi, ndiyo maana hakusema. Jumatatu nampeleka mwenyewe.